Nilichimba Kaburi Kwenye Ngitili Yetu

Kama gazeti la wiki iliyopita lilikufungia maandazi kabla hujalisoma, pole. Nakurudisha njiani kwa maneno machache.

Mimi ni Masalu, mtoto wa marehemu Mabula, wa huku upande wa Kasoli. Baba alituachia mimi na mama ng'ombe tisa na ngitili ya ekari nne. Kwa msomaji wa mbali: ngitili ni malisho ya akiba. Mvua zote hakuna ng'ombe anayeingia, majani yanakua mpaka kiunoni, halafu kiangazi kikibana ndipo unafungua. Ni ghala la ng'ombe. Ukiipoteza mwezi wa nane, mwezi wa kumi unachuna ngozi.

Februari jirani yetu Ngeleja alikata ua wetu wa minyaa, akaingiza ng'ombe wake, akatangaza kwamba baba alimuuzia kabla hajafa. Karatasi hana. Mashahidi, anasema, walishatangulia mbele ya haki. Ukimsikiliza utadhani kuna ugonjwa uliopita ukachagua mashahidi wake tu.

Tukafungua shauri kwenye baraza la ardhi, na ndani yake ombi la zuio la muda, ili Ngeleja atoke kwanza wakati kesi inaendelea. Ombi likaambatanishwa na hati ya dharura. Hiyo ilikuwa Machi.

Mwezi wa nne mwenyekiti wa baraza alikuwa safari. Wa tano mzee mmoja wa baraza aliumwa, akidi haikutimia. Wa sita wakili wa Ngeleja alileta pingamizi kwamba tumetaja kifungu kisichohusika. Wa saba uamuzi wa pingamizi ulikuwa tayari, ila haujachapwa. Kufika Agosti dharura yetu ilikuwa na miezi mitano. Ingekuwa mimba ingekuwa inapiga mateke.

Ng'ombe wa Ngeleja hawakuwahi kuahirishwa hata siku moja.

Tuliachana pale Bibi Wilhelmina, mama mzazi wa Ngeleja mwenyewe, aliponong'ona kwa mama yangu: "Mayu, mwanangu anadanganya. Nipelekeni huko barazani nikaseme."

Alhamisi tukampeleka. Bibi alivaa kitenge cha kanisani, akakaa katikati ya bodaboda, mimi nyuma nimemshika kama gunia la pamba lisilopaswa kudondoka.

Karani wa baraza anaitwa Method. Alipotuona tu akaanza kutikisa kichwa, hata salamu hajaitikia.

"Nimekuja kusema," bibi akamwambia. "Ngitili ni ya Mabula. Mwanangu hakununua. Andika."

"Bibi yangu, leo haandikwi mtu. Mwenyekiti amehamishwa. Mpya anaripoti wiki ijayo, halafu lazima asome jalada."

"Jalada lina kurasa ngapi?" nikauliza.

"Mia na kumi."

"Nipe nimsomee kwa sauti. Kidato cha nne nilipata B ya Kiswahili."

"Kijana, hapa hatuigizi."

Kwa kweli wao ndio waliokuwa wanaigiza, tena mchezo uleule kwa miezi mitano. Lakini nilinyamaza, nikaogopa jalada lisije likaanguka nyuma ya kabati.

Nje tulikuwa na dada Violeth, msaidizi wa kisheria anayetuandikia karatasi zetu. Yeye akasema hata mwenyekiti angekuwepo, bibi asingesimamishwa.

"Ombi la zuio linasikilizwa kwa viapo vya maandishi. Tukachape kiapo chake sasa hivi, aweke dole gumba mbele ya wakili, tukiingize kwenye jalada. Hicho kikiingia, Ngeleja hana pa kushika."

Tukaenda duka la kuchapa. Umeme hakuna.

Tukakaa kwenye benchi. Saa nzima. Bibi anasinzia, akiamka anauliza, "Wameshaandika?"

"Bado, bibi."

Saa ya pili ilipoanza nikasimama. "Dada Violeth, turudi Jumatatu. Bibi ana njaa."

"Masalu, tusubiri. Umeme hauna adabu, unaweza kurudi dakika hii."

"Jumatatu siyo mbali, dada yangu. Mwangalie bibi alivyochoka."

Nakiri hapa mbele ya wasomaji wote: mwenye njaa nilikuwa mimi. Bibi alikuwa na kiazi chake kwenye mfuko, na alikuwa radhi kukaa pale mpaka kiama.

Hatujamaliza lami, nikaona taa za maduka zinawaka. Sikumwambia dereva ageuze.

Jumamosi alfajiri tukasikia yowe kutoka kwa Ngeleja. Bibi Wilhelmina alikuwa ameondoka, na dole gumba lake.

*

Kwenye msiba hatukukaa hata saa moja, tukasikia kwa masikio yetu. Ngeleja amesimama mbele ya waombolezaji, macho mekundu, anasema: "Mama atalala kwenye ngitili. Ndiko alikotaka."

Mama yangu akanishika mkono.

"Alikotaka? Juzi tu alitaka kwenda kumkana!"

"Mama, punguza sauti."

"Akizikwa pale, Masalu, tutamfukua?"

Kwetu shamba lenye kaburi lina mwenyewe. Unaweza kuhamisha ng'ombe, unaweza kuhamisha hata nyumba ukibeba bati na mbao zako. Bibi wa watu huwezi.

Tukaenda kwa Mzee Marcelo, anayeongoza kitongoji chetu. Tulimkuta chini ya turubai ameshika daftari la msiba, lile la kuandikia vijana waliofika kuchimba kaburi na wasiofika.

"Mzee, ile ngitili ina kesi," mama akasema.

"Najua, mama Masalu."

"Basi mwambie azike kwake."

"Mna zuio?"

"Tumeliomba toka Machi," nikasema.

"Ng'wana Mabula, nimeuliza kama mnalo. Mimi mwenyewe nimeomba mvua toka Machi. Nionyeshe karatasi yenye muhuri, nitasimama pale na fimbo yangu. Bila muhuri mimi ni mzee tu mwenye daftari."

Nikampigia dada Violeth. Alipokea, nikasikia kwaya nyuma yake, yuko mazoezini kanisani.

"Msikubali azikwe pale! Masalu, unanisikia? Mkinyamaza mmekwisha."

"Nipe karatasi basi."

"Leo Jumamosi, nitaitoa wapi? Mwenyekiti mpya hata hajaripoti."

"Sasa tufanye nini?"

Kwaya ikaimba ubeti mzima.

"Angalau usishiriki," akasema. "Usiguse jembe. Kaa mbali, wakuone uko mbali."

Dada Violeth ni mtu wa mjini, kasoma, ana roho nzuri. Lakini hajui habari ya Malimi.

Malimi alikuwa na nyumba kule mtoni. Mwaka fulani aligombana na jirani, jirani akafiwa, Malimi hakwenda kuchimba. Akatengwa. Hakuna kuazimana moto, hakuna salamu. Watu wakaonekana wamesahau, yeye akadhani yameisha. Mwaka uliofuata mtoto wake akafariki. Hakuja mtu. Malimi alichimba peke yake toka asubuhi mpaka jua linazama, mkewe akiwa amekaa pembeni na mtoto mapajani. Mimi nilikuwa na miaka kumi na miwili, nilimwona kwa mbali. Baba alinishika bega nisiende.

Mzee Marcelo akafungua daftari. "Vijana wanaanza saa nne. Nakuandika au nakuacha?"

Nikamtazama mama. Nilitaka aseme yaya, hapana, tukalale ndani tufunge mlango. Mama alikuwa anaangalia nyumba ya Ngeleja, ambako kina mama walikuwa wameanza kuimba.

"Bibi hakutukosea," akasema. "Nenda ukamchimbie."

"Mama, ni kwetu!"

"Kwa hiyo unataka achimbiwe na nani?"

Mzee Marcelo akaniandika. Kwa kuwa nyumba yetu ndiyo iliyo karibu, na mimi ndiye niliyekuwa mbele yake, jina langu likakaa namba moja. Masalu Mabula. Mwandiko safi kabisa, huwezi kukosea hata ukiwa umevua miwani.

*

Tukachimba. Mayige, rafiki yangu wa toka darasa la kwanza, akaanza utani wake.

"Masalu, wewe ndiye mwenye eneo. Tuelekeze, bibi apate upepo wa wapi?"

"Mlaze kichwa huku," nikasema, "amwone mwanae akipitisha ng'ombe usiku."

Wakacheka. Nami nikacheka. Ndugu msomaji, mimi nikiwa na hofu nacheka, ndivyo nilivyoumbwa. Hata siku ya kumzika baba nilisema kitu, shangazi akanifinya.

Ngeleja akaja na ndoo ya maji. Akanichotea mimi wa kwanza, kwa mikono miwili.

"Wabeja, ng'wanone," akasema. Asante, mwanangu. "Umenipa heshima ambayo hata ndugu zangu wa Zagayu hawajanipa."

Machozi yalikuwa yanamtoka, tena ya kweli, mama yake alikuwa amekufa. Moyo wangu ukalegea. Nikanywa, nikarudi kwenye jembe na utani wa Mayige.

Nilipoinua kichwa, alikuwa ameshika simu, ananipiga picha. Nikiwa na jembe mkononi, udongo mpaka magotini, meno yote nje.

*

Septemba tukaitwa barazani. Majani yalikuwa yamebaki upande wa kaburi tu, ng'ombe wa Ngeleja walikuwa wameshamaliza huku kwingine. Wetu tisa walikuwa wamebaki saba. Aliyekuwa anatuongoza wote kwa kukonda ni Pensheni, ng'ombe wa kwanza wa baba, mzee kuliko mashauri mengi ya baraza lile. Nilimpa jina hilo mimi, baba alilikataa mpaka akalizoea.

Mwenyekiti mpya alikuwa mama mmoja mwenye miwani, mpole. Aliomba radhi kwa ucheleweshaji. Nikamwambia dada Violeth kwa chini, "Huyu ametumwa na Mungu."

Wakili wa Ngeleja akasimama. "Mheshimiwa, tuna kiapo cha nyongeza, na viambatanisho viwili."

Kiambatanisho cha kwanza, daftari la msiba. Cha pili, picha.

Mwenyekiti akaitazama picha muda mrefu, kisha akanitazama mimi.

"Masalu Mabula ni wewe?"

"Ndiyo, mheshimiwa."

"Na hapa ni wewe?"

"Ni mimi."

"Unafanya nini?"

"Nachimba kaburi."

"Kwenye eneo lenye mgogoro?"

"Ndiyo, mheshimiwa."

"Kuna aliyekulazimisha?"

Ungemjibu nini? Ningemwambia habari ya Malimi?

"Hakuna, mheshimiwa. Ni taratibu za kwetu."

"Na hapa naona unacheka."

"Ndivyo nilivyo, mheshimiwa."

Wazee wa baraza wakatazamana.

Dada Violeth alikuwa amemwandalia mama hoja, mama akasimama, akazisema zote bila kukosea. Kwamba ng'ombe wanakufa. Kwamba majani yakiisha, zuio litakuwa la kuzuia udongo. Kwamba aliyezikwa pale ndiye aliyekuwa anakuja kutushuhudia.

"Kiapo chake kiko wapi?" mwenyekiti akauliza.

Mama akanigeukia. Hakuwa ananilaumu. Afadhali angenilaumu.

"Uamuzi wa ombi la zuio," mwenyekiti akasema, "nitausoma tarehe ishirini na nne Oktoba. Nina majalada mia tatu niliyoyakuta, naomba mnivumilie."

Tukaanza kukusanya karatasi. Wakili wa Ngeleja akabaki amesimama.

"Mheshimiwa, kwa kuwa sasa kuna kaburi, na waombaji wana mifugo, tunaomba amri ndogo tu. Hali ilivyo leo ibaki ilivyo mpaka uamuzi. Waombaji wasikanyage eneo lile, kwa ajili ya amani."

"Mna pingamizi?" mwenyekiti akatuuliza.

Dada Violeth haruhusiwi kusema pale ndani, si wakili. Akaanza kuniandikia kwenye kiganja chake. Sijamaliza hata kusoma neno la pili, nikasikia, "Basi, imeamriwa hivyo."

Muhuri ukalia: pa!

Ombi letu lilikuwa na miezi sita. La Ngeleja halikufikisha muda wa kupoza chai.

Nje nikamuuliza dada Violeth, "Hali ilivyo leo maana yake nini?"

"Aliye ndani abaki ndani. Aliye nje abaki nje."

"Na lile pengo alilokata kwenye minyaa? Nikalizibe basi, ng'ombe wetu wasipite."

Akafikiri. Akafumba macho.

"Usilizibe. Leo liko wazi, kuliziba ni kubadilisha hali. Mkitia mguu mle ndani, wewe au mama, ni kudharau amri. Wanafunga kwa hilo, Masalu. Jela ya kweli."

"Na ng'ombe? Nao wamo kwenye amri?"

"Ng'ombe ni wenu. Wachunge."

*

Nikawachunga. Siku tisa niliwapeleka mbali, kule kwenye mabua ya mtama yaliyokwisha kuliwa na wenzao. Kila jioni tukirudi tunapita kando ya pengo, na kila jioni Pensheni anasimama, anageuza kichwa, ananusa. Alilishwa mle kila kiangazi toka akiwa ndama. Nami ninampiga kofi la mgongo: "Twende, bibi, shauri liko barazani."

Siku ya kumi mama mwenyewe alikuja kunisaidia, maana ng'ombe mmoja alikuwa hawezi kuinuka bila kusukumwa. Tukiwa tumeinama wote wawili tunamwinua yule wa nyuma, wa mbele hatukumwona.

Tuliposimama, Pensheni alikuwa ndani ya pengo. Wengine wanamfuata, mmoja mmoja, kwa adabu, kama watu wanaoingia kanisani.

"Pensheni! Rudi! Pensheni!"

Mimi ni wa kusikilizwa na wapiga gumzo wa kijiweni. Ng'ombe mwenye njaa hana muda na mimi.

Walienda moja kwa moja kwenye majani. Na majani, nimekwambia, yalikuwa yamebaki sehemu moja.

Ngeleja alikuwa amekaa pale pale, kwenye kigoda, karibu na kaburi la mama yake. Hakushtuka. Alitoa simu, akainyoosha kuelekea kwetu.

"Mwadila, mama Masalu. Mhola?"

"Mhola," mama akajibu. Salamu ni salamu, hata kwa adui.

"Baba Ngeleja," nikaita, "tupigie hao ng'ombe watoke, tafadhali!"

"Ng'ombe ni wako, ng'wanone. Njoo uwatoe."

"Unajua siwezi kuingia!"

"Ingia tu. Mguu mmoja unatosha."

Nikasogea mpaka kwenye pengo. Vidole vyangu viko kwenye visiki vya minyaa, pale baba alipoipanda. Nikainua mguu. Nikaushusha palepale ulipokuwa. Nikainua tena. Ungenipigia ngoma ningekuwa nacheza.

Pensheni akapanda juu ya tuta la kaburi. Udongo ulikuwa bado mpya, ukamomonyoka chini ya kwato zake. Msalaba wa mbao, wenye jina Wilhelmina kwa rangi nyeupe, ukainama upande mmoja.

"Mzee, anamkanyaga mama yako!" nikapiga kelele. "Mfukuze!"

Ngeleja aliangalia kwato. Lakini hakuinuka.

"Naona," akasema. "Baraza nalo litaona."

Ng'ombe wa pili akapanda. Msalaba ukalala.

Nyuma yangu nikasikia kitu kinadondoka chini. Niligeuka. Ilikuwa fimbo ya mama. Alikuwa anavua ndala zake, moja, ya pili, anazipanga pamoja kama mtu anayeingia nyumbani kwa mwenzake.

"Mama, usiingie. Wanafunga. Mama, zimebaki wiki nne tu!"

"Bibi alikaa kwenye benchi saa nzima kwa ajili yetu," mama akasema.

"Mama!"

Nikanyoosha mkono kumzuia. Toka nizaliwe sijawahi kumzuia mama yangu njia, na siku ile nilifanya mara ya kwanza, mkono wangu kwenye bega lake, hapo hapo kwenye pengo.

Akautazama ule mkono. Akautoa taratibu, kama anavyotoa mbegu ya pamba iliyonasa kwenye nguo.

Halafu akapita.